Sababu Niliyoiandika kwa Mkono Wangu

Ngara mjini, Jumapili mchana

Skola mwanangu,

Umekwenda kusukwa, na kwa mtindo ule wa nywele nyembamba ulioutaka, najua nina saa nne nzima peke yangu. Baba yako yuko uani anafunga kamba kwenye godoro lako, anafungua, anafunga tena. Habari za chandarua, jiko, maji ya kunywa na namba za simu za watu wa Biharamulo sitazigusa. Yeye ameshaziandika zote kwenye daftari, kwa ule mwandiko wake wa ubaoni. Mimi nimejipa kazi nyingine. Nimefunga mlango wa chumba cha cherehani, nimesogeza vitambaa kando, naandika juu ya meza ya kukatia.

Siku barua yako ya ajira ilipofika uliisoma kwa sauti hapa sebuleni: Mtendaji wa Kijiji, kata ya Nyabusozi, wilaya ya Biharamulo. Ukarukaruka. Baba yako akapiga makofi. Mimi nikakimbilia jikoni, nanyi mkasema mama analia kwa furaha. Nililia kweli, na furaha ilikuwepo, lakini haikuwa peke yake. Nyabusozi kuna mtu ninayemfahamu. Na wewe unamfahamu. Ni Anti Konso.

Najua umesimama hapo kwanza kusoma. "Anti Konso amerudi kwao Burundi." Ndivyo nilivyokuambia ulipokuwa darasa la nne. Nilikudanganya, mwanangu. Hakurudi Burundi, kwa sababu hakuwahi kuishi Burundi hata siku moja. Mimi ndiye niliyemfukuza kazi. Nataka ulisikie kwangu kabla hujalisikia kwa mtu mwingine, tena ulisikie lote, pamoja na yale ambayo hata yeye hayajui.

Konsolata alikuja kwangu nikiwa na vyerehani viwili tu, kwenye kile chumba cha kupanga karibu na soko. Alikuwa amejifunza ushonaji Rulenge, cheti chake kiko ndani ya mfuko wa plastiki, viatu kavishika mkononi kwa sababu ya matope. Nilimpa kipande cha kitambaa nikamwambia ashone mfuko wa shati nione. Alipomaliza alitazama shati lililokuwa limetundikwa ukutani, kazi yangu mwenyewe ya jana yake, akaniuliza kwa adabu, "Mama, nikurekebishie na ule?" Nikageuka kutazama. Mfuko nilikuwa nimeuweka upande wa kulia badala ya kushoto. Nilicheka mpaka nikakaa chini. Nikamwajiri siku hiyo hiyo.

Jicho alilokuwa nalo yule binti sijaliona tena kwa fundi yeyote. Mtoto akipita mlangoni na mama yake, Konsolata anataja kiuno chake, ukija kupima kwa tepu unakuta ni hicho hicho. Marinda ya sketi za shule, yale yaliyofanya watu watoke mpaka Rulenge kuja kushonesha kwangu, alinifundisha yeye. Na gauni lako la komunio ya kwanza alilishona yeye. Watu waliponisifu nje ya kanisa niliitikia, asante, asante, na sikumtaja. Naliandika na hilo, kwa kuwa leo nimeamua kuandika.

Wewe ukitoka shule ulikuwa unakwenda moja kwa moja kukaa chini ya meza yake na kuokota mabaki ya vitambaa. Na Bibi yako, mama yangu, kila siku ya soko alikuwa anakuja kukaa kwenye kigoda karibu naye. Wanazungumza, wanacheka, wanaimba polepole. Kihangaza chetu cha Ngara na Kirundi vinakaribiana, na mtu aliyepita barabarani asingejua wanazungumza kipi. Mimi nilikuwa najua.

Babu yake Konsolata alivuka kutoka Burundi zamani, kabla hajamzaa mtoto hata mmoja. Baba yake alizaliwa hapa, akaoa hapa, analima Nyamiaga mpaka leo. Konsolata naye kazaliwa Nyamiaga. Alikuwa na kitambulisho cha taifa, na nakala yake ilikuwa kwenye droo yangu tangu siku nilipomwajiri. Kwa hiyo sina hata kisingizio cha kutokujua.

Kikaja kile kipindi ambacho watu wa huku mpakani walikuwa wanaulizana sana vyeti vya kuzaliwa. Ulikuwa mdogo, labda hukumbuki. Mtu alikuwa anaweza kugombana na jirani kwa ajili ya mbuzi aliyekula maharage, na jioni jirani akaanza kusema, "Kwani yule naye ni wa hapa?" Watu walianza kupima maneno. Hata mimi nilianza kuwa mwangalifu namna ninavyotamka baadhi ya maneno nikiwa sokoni.

Katika kipindi hicho mwenye shule mmoja, simtaji, alikuja kuzungumza kuhusu sare za shule yake nzima. Kazi ya mwaka mzima, Skola. Alikaa kwenye kiti cha wateja, anapapasa vitambaa. Konsolata alikuwa kwenye kona anazungumza na bibi yake kwa simu, na yule bibi hajui lugha nyingine ila Kirundi. Mgeni akatega sikio. Kisha akaniuliza, kwa sauti ambayo kila mtu aliisikia, "Mama Skola, kumbe hapa kwako umejaza Warundi?"

Nilitakiwa kusema, huyu ni fundi wangu mkuu, kama humtaki humtaki na mimi. Kumbe sentensi ni fupi hivyo. Sikuisema. Nikasema, "Huyo ni wa muda tu."

Konsolata alikata simu. Akaendelea kushona.

Jumamosi, wenzake walipokuwa wamekwenda kunywa chai, nikamwita. Nitakuandikia maneno yetu kama yalivyokuwa, nayakumbuka yote.

"Konso, Jumatatu usije."

"Nina shughuli gani Jumatatu, mama?"

"Huna. Nasema usije kazini. Upumzike."

"Nimekosea wapi?"

"Hujakosea. Ila watu wanasema. Wewe nenda kwenu kwanza, mambo yapoe."

Akanitazama kama mtu anayejaribu kuelewa hesabu ngumu. "Kwetu ni Nyamiaga, mama. Nitoke hapa mjini niende Nyamiaga, mambo yapoe?"

Ungekuwepo ungecheka. Nyamiaga ni hapo chini, mtu anakwenda kwa miguu na kurudi kabla maharage hayajaiva. Mimi sikucheka. Nilikasirika, kwa sababu alikuwa amesema kweli. Nikamwambia, "Unajua ninachomaanisha. Rudi kwenu."

Akavua tepu shingoni, akaikunja, akaiweka mezani. Kisha akasema, "Basi niandikie, mama. Niandikie sababu."

Nikaona ni jambo dogo. Nikachukua karatasi ya daftari la vipimo, nikaandika mistari mitatu: kwamba kuanzia Jumatatu ajira yake imekwisha, kwamba hana kosa la kazi, na kwamba sababu ni asili yake, ambayo inaleta usumbufu kwa wateja. Nikasaini. Nikapiga na muhuri wa duka, ule wenye picha ya cherehani, nikijiona bosi.

Aliisoma mara mbili. Akaniambia asante, akaondoka.

Jioni hiyo uliniuliza, "Anti Konso yuko wapi?" Nami nikakuambia nilichokuambia.

Haukupita muda mrefu nikapokea wito wa tume inayosuluhisha migogoro ya kazi. Nilidhani ni mambo ya viwanda vya Mwanza, hayawahusu watu wenye vyerehani vitano. Baba yako akaomba kuona ile barua, wito ulikuja na nakala yake. Alisoma akiwa amesimama. Kisha akakaa. "Verediana, hii umeiandika wewe?"

"Mimi."

"Kwa akili zako?"

Nikaanza kukunja vitambaa. Akasema, "Ungesema amechelewa, ungesema kazi imepungua, ningejua unadanganya, lakini ningeelewa unaogopa. Hapa umeandika ukweli mtupu, na ukweli wenyewe ni huu." Akanirudishia karatasi. Siku tatu alikuwa ananisemesha kwa mambo ya chumvi na kuni tu.

Siku ya wito tulikaa kwenye chumba chenye meza ndefu na viti vya plastiki. Msuluhishi alikuwa mama mmoja mfupi, mpole, ananong'ona kama yuko kanisani. Konsolata alikaa upande wa pili, amevaa blauzi aliyoishona mwenyewe, mikono juu ya meza. Alinipa shikamoo. Nikaitikia nikitazama dirishani.

Yule mama aliniuliza, "Fundi wako huyu aliwahi kuiba?"

"Hapana."

"Aliharibu vitambaa vya watu? Alikuwa mchelewaji?"

"Hapana, alikuwa anafika kabla yangu."

"Basi tuelezane. Yeye ametuonyesha barua inayosema aliondolewa kwa asili yake. Sheria inasema likishaonekana hivyo, sasa ni kazi yako wewe mwajiri kuonyesha kwamba sivyo. Unaweza?"

Nikasema, "Ni wateja, mama. Mimi binafsi sina tatizo naye."

"Wateja hawakuandika barua hii," akasema. "Na mteja hana uwezo wa kukupa ruhusa ya kuvunja sheria."

Nikasema sikujua kuna sheria ya namna hiyo. Hapo ndipo alipofungua kitabu chake akaanza kunitajia mambo ambayo mwajiri haruhusiwi kumbagua mtu kwayo. Nilidhani ataishia kwenye rangi. Akaendelea: utaifa, kabila, mahali mtu alipotokea, dini, siasa, jinsia, ujauzito, ndoa, ulemavu, virusi vya UKIMWI, umri, hali ya maisha. Alikuwa anataja taratibu, kidole kinashuka kwenye ukurasa. Alipofika kwenye ujauzito, yaliyofuata niliyasikia kwa mbali tu.

Hili hujawahi kulisikia. Kabla ya kuwa na cherehani yangu, nilikuwa nashona kwenye baraza la duka la vitambaa la mtu. Mimba yako ilipoanza kuonekana, mwenye duka aliniambia, "Mama, wewe sasa kapumzike," na nilipotaka kujua nirudi lini, akasema wateja hawapendi kuona fundi anahema. Nilitembea kutoka pale mpaka nyumbani nikilia, nimeshika tumbo, nakuuliza wewe usiye na jina bado, tutafanyaje. Miaka yote nilidhani lile lilikuwa bahati mbaya yangu. Kumbe lilikuwa limekatazwa. Kumbe katika orodha moja, kwenye ukurasa mmoja, tulikuwemo mimi na Konsolata, tumetenganishwa na mistari michache. Na mimi nilikuwa nimekaa upande wa mwenye duka.

Nilikubali kosa siku hiyo. Alipata haki zake zote kama sheria inavyotaka, na hilo halikuniuma. Kazi hakuitaka tena. Aliomba vitu viwili. Cha kwanza, barua safi inayosema yeye ni fundi wa aina gani. Nikaiandika pale pale. Cha pili alisema akinitazama machoni kwa mara ya kwanza siku hiyo: "Nataka mama awaambie wenzangu kwamba sikuwa na kosa. Awaambie kwa mdomo wake."

Msuluhishi akasema hilo ni jambo zuri, lakini ni la hiari yangu, hawezi kuniwekea siku ya kulifanya. Nikasema, "Nitawaambia." Nilitikisa na kichwa kukubali.

Sikuwaambia. Jumatatu mafundi waliniuliza yaliyotokea, nikasema tumemalizana vizuri, Konsolata ameamua kuondoka. Nimelifikiria sana jambo hili, mwanangu. Kila kitu ambacho sheria iliweza kunishika mkono nikifanye, nilikifanya. Kilichobaki mikononi mwangu mwenyewe, kidogo kama kile, ndicho nilichokiangusha.

Yule mwenye shule alinipa kazi yake. Marinda yalitoka yamepinda. Mwaka uliofuata alipeleka sare zake kwa fundi mwingine, na hakuaga.

Sasa nakuja kwenye sehemu iliyonifanya nifunge mlango.

Unamkumbuka Odeta, mliyekuwa mnakaa naye dawati moja? Mwalimu wenu aliniita shuleni. Mlikuwa mmegombea nafasi ya kuruka kamba, nawe ukamwambia mbele ya darasa zima, "Rudi kwenu Burundi kama Anti Konso." Mtoto wa watu alilia mpaka akatapika. Nilikurudisha nyumbani nikiwa nimekushika mkono kwa nguvu. Nikakuchapa. Uliniuliza kati ya kwikwi, "Kwani Anti Konso hakurudi kwao?" Nikakuongeza kiboko kingine kwa kuuliza.

Skola, lile neno lilikuwa langu. Ulilichukua mdomoni mwangu kama ulivyokuwa unaokota vitambaa chini ya meza. Na mimi niliyelisema kwa mtu mzima, mwenye cheti na kitambulisho, nilikuchapa wewe mwenye miaka kumi. Nimekuomba msamaha kwa mambo mengi, kwa karo zilizochelewa, kwa siku ya mahafali niliyokosa kufika. Hili sijawahi. Nakuomba leo.

Baada ya Konsolata kuondoka, Bibi yako aliacha kuja dukani. Nilisema ni miguu. Alikuwa anakwenda kanisani, anakwenda shambani, anapanda mlima mpaka kwa dada yake, lakini dukani hafiki, na mimi naendelea kusema ni miguu. Ulipokuwa bweni akaugua, nikamleta hapa nyumbani. Siku moja nilikuwa namlisha uji, akaushika mkono wangu wenye kijiko akaniuliza, "Yule binti alikuwa na kosa gani?"

Nikajua anamsema nani. "Hana kosa, mama. Ulikuwa wakati mbaya."

"Ulimtoa kwa kuwa ni Murundi?"

Nikatazama kijiko.

"Nimezaliwa ng'ambo ya mto Ruvubu," akasema. "Nilivuka nikiwa mgongoni kwa mama yangu. Unajua. Yule mtoto alikuwa ananisalimia kwa maneno ya mama yangu. Sasa ulimtoa yeye, mimi ukaniacha. Kwa nini hukunitoa na mimi?"

Uji ulipoa kwenye bakuli tukiwa tumekaa hivyo.

Nimekuambia maisha yako yote kwamba Bibi ni wa Rulenge. Alilelewa Rulenge, akaolewa Rulenge, akazikwa Rulenge. Lakini alizaliwa ng'ambo. Nililijua tangu nikiwa mdogo, na nilikatazwa kulisema, nami nikakatazika vizuri sana. Siku yule mwenye shule alipotega sikio kwa Konsolata, sikuogopa kukosa sare. Niliogopa kwamba akishamaliza kumsikiliza yeye, atageuka kunisikiliza mimi. Nilimsukuma Konsolata mbele ili nibaki nyuma. Hiyo ndiyo sababu yenyewe. Ile niliyoiandika kwenye karatasi ilikuwa nusu yake tu.

Wiki tatu baada ya mazishi ya Bibi nilipanda basi mpaka Biharamulo, nikachukua pikipiki mpaka Nyabusozi. Nilikuwa nimesikia ameolewa huko na kufungua duka la ushonaji. Wewe ulikuwa mwaka wa kwanza chuoni, nikakuambia kwa simu kwamba nimekwenda kutafuta vitambaa.

Nilimkuta na wasichana wanne anaowafundisha. Amenenepa kidogo, amevaa miwani. Aliponiona alisimama. "Shikamoo, mama."

"Marahaba," nikasema, na nikaona aibu kuipokea shikamoo ile. Sikukaa. Nilijua nikikaa nitaanza kuuliza habari za watoto na mvua. Nikawaambia wale wasichana, nimesimama pale mlangoni na mkoba wangu: "Mimi ni Verediana wa Ngara. Mwalimu wenu alikuwa fundi wangu. Nilimfukuza kwa sababu babu yake alitoka Burundi. Hakuwa na kosa lolote. Na mama yangu mwenyewe alizaliwa Burundi."

Wasichana walitazamana. Mmoja alizima cherehani.

Konsolata alikuwa amerudi kukaa. Alikuwa na pindo la gauni chini ya sindano, akalishona mpaka mwisho, akakata uzi. Kisha akasema, "Umechelewa, mama."

"Najua."

"Wenzangu wale wa Ngara ndio niliotaka wasikie. Hawa hawanijui kwa ubaya wowote."

"Najua. Nitawaambia na wale."

"Bibi hajambo?"

Nikamwambia Bibi amefariki. Hapo ndipo alipolia, na mimi nikakaa nikalia, kila mtu kwenye kiti chake. Baadaye alinipikia. Tukala ndizi na maharage, tukazungumza mambo ya vitambaa. Nilipokuwa naaga nilimuuliza kama amenisamehe. Alifikiri. Akasema, "Siku nyingine ndiyo, mama. Siku nyingine nakumbuka katikati ya kukata, mkasi unakwenda kombo, nasema huyu mama bado. Sitaki kukudanganya." Kisha akasema, "Skola yuko wapi? Mwambie namsalimia. Mwambie akipita huku aje."

Mafundi wa zamani niliwatafuta mmoja mmoja, niliwapata watatu. Niliwaambia. Mmoja alisema, "Tulijua, mama. Sote tulijua. Tulikuwa tunasubiri zamu zetu." Salamu zako sikuzileta. Zimekaa kwangu mpaka leo.

Wewe umesoma, Katiba unaijua kuliko mimi, na hizo sheria utakuwa nazo kabatini. Sina cha kukufundisha humo. Ninachokijua ni kitu kidogo ambacho hakimo kwenye kitabu. Siku moja atakuja mtu mezani kwako kutaka barua ya utambulisho, au atakuja na mgogoro wa shamba, na atakuwa na lafudhi fulani, au jina fulani, au ngozi isiyo na rangi kama ya wenzake, na mkono wako utasita juu ya muhuri. Utasita kidogo sana, hakuna atakayeona. Kuuliza karatasi ni kazi yako, waulize wote. Lakini ukiona umemuuliza huyo mmoja tu, na waliomtangulia umewapa huku mnacheka, simama hapo ujiulize unamwogopa nani. Mara nyingi siyo yeye. Mimi nilikuwa namwogopa mama yangu mwenyewe, aliyekaa kwenye kigoda anaimba.

Na ukikosea, maana utakosea, usingoje miaka kama mimi. Mwite mtu kesho yake.

Nenda kamwone Konsolata. Usimwombe msamaha kwa niaba yangu, huo ni wangu na bado naufanyia kazi. Usimwombe anisamehe ili wewe uwe na raha. Mpe shikamoo tu, umwambie wewe ni nani, kisha mwache aseme anachotaka kusema kuhusu mama yako. Kama ni kikali, kisikilize. Usinitetee.

Sijui utanionaje ukimaliza karatasi hii. Miaka yote nimependa namna unavyonitazama, na nimeogopa kuipoteza, ndiyo maana nimekuwa nikikuambia mambo ya chandarua. Sasa umekuwa mtu mzima unayekwenda kuamua mambo ya watu, na nimeona afadhali uondoke na mama wa kweli kuliko yule niliyekutengenezea.

Nakupenda, Skola. Nilikupenda tangu barabarani siku ile, nimeshika tumbo. Ukishasoma nipigie simu. Kama unalia, piga hivyo hivyo. Kama una hasira, usizisubiri ziishe. Nipigie nazo, nitapokea.

Mama yako,
Verediana